Mahkama ikikataa kumwadhibu aliyevunja amri, je, rufaa ipo?

SWALI: Assalaam alaykum. Mimi na mwenzangu tulinunua mashua ya mizigo kwa ushirika, tukahitilafiana, nikafungua kesi Mahkama Kuu. Jaji aliamuru mashua isiuzwe wala isiguswe mpaka kesi imalizike. Baada ya wiki chache niliikuta pwani imeng’olewa mashine, zimebaki nati nne na madoa ya mafuta. Niliomba mwenzangu aadhibiwe kwa kuidharau mahkama, lakini jaji alikataa, akisema haikuthibitika kwamba amri ilimfikia. Mwanangu amesoma kwamba India uamuzi kama huu haukatiwi rufaa. Na kwetu je? (Msomaji, Wete, Pemba)

JAWABU: Waalaykum salaam, ndugu yangu. Uchungu wako ni wa haki, kwa sababu mtu anayekwenda mahkamani badala ya kugombana pwani anastahiki kuona amri aliyopewa inaheshimiwa.

Mwanao amesoma sawasawa. Kifungu cha 19 cha sheria ya India ya kuidharau mahkama, ya mwaka 1971, kinatoa haki ya kukata rufaa dhidi ya uamuzi uliotolewa katika kutumia mamlaka ya kuadhibu, na Mahkama ya Juu ya nchi hiyo iliamua mwaka 1974, katika shauri la Baradakanta Mishra, kwamba jaji anayekataa kuanzisha shauri la dharau hajayatumia mamlaka hayo. Aliyeleta malalamiko ni mtoa habari tu. Kosa ni baina ya mahkama na aliyeidharau. Hata hivyo, mlango haukufungwa kabisa, kwani mlalamikaji anaweza kuomba idhini maalumu ya kukata rufaa kwa Mahkama ya Juu chini ya ibara ya 136 ya Katiba yao. Tena mwaka 2006 mahkama hiyo ilieleza kwamba jaji akivuka mpaka na kuamua haki za wadaawa (pande zinazoshitakiana) ndani ya shauri la dharau, sehemu hiyo inaweza kupingwa.

Sheria yetu ya mwenendo wa madai ilifuata mfano wa India, lakini njia ya rufaa kutoka Mahkama Kuu ya Zanzibar kwenda Mahkama ya Rufaa ya Tanzania ina sheria yake. Kifungu cha 5(2)(d) cha Sheria ya Mamlaka ya Rufaa, kilichoongezwa mwaka 2002, kinakataza rufaa na hata maombi ya marejeo (kuiomba Mahkama ya Rufaa iupitie uamuzi) dhidi ya uamuzi mdogo unaotolewa kesi ikiendelea, isipokuwa uamuzi huo uwe umeimaliza kesi yenyewe. Kwa maoni yangu hapo ndipo ulipokwama: kesi ya mashua bado ipo, na hakuna haki yako juu yake iliyokwisha kuamuliwa. Ukikata rufaa leo, natarajia itatupwa, na kesi ya msingi itakuwa imekaa bure wakati mashua inaoza.

Lililo na faida zaidi ni sababu aliyoitoa jaji. Hakusema kwamba mwenzako hana kosa; alisema hakuridhika kwamba aliijua amri. Adhabu ya dharau inaweza kumfikisha mtu jela, na kwa hivyo mahkama haikubali kukisia. Mwombe wakili wako ahakikishe kwamba amri inapelekwa kwa mwenzako mwenyewe, na aliyeipeleka aape kiapo kinachotaja siku, saa na mahali. Baada ya hapo, akigusa hata kamba ya nanga, ombi jipya litakuwa na miguu. Kuhusu mashine, omba mahkama iamuru irejeshwe, au iwekwe chini ya ulinzi wake. Piga picha zile nati nne kabla ya mtu kuziondoa.

Hukumu ya mwisho ikitoka na hukuridhika, kukataliwa huku kunaweza kuwa miongoni mwa sababu zako za rufaa. Taarifa ya rufaa huwasilishwa ndani ya siku 30, na rufaa yenyewe ndani ya siku 60 baada ya taarifa. Ndani ya siku 30 hizo hizo za mwanzo, mwandikie Mrajis (msajili wa mahkama) barua ya kuomba nakala za mwenendo wa kesi na umpe mwenzako nakala ya barua hiyo, ili muda wa kuziandaa nakala usihesabiwe dhidi yako.