Wasomaji Wanauliza: Je, Njia Panda Nayo Ina Historia?

SWALI: Assalamu alaykum, Mhariri. Mimi ni mkaazi wa Kitogani, Wilaya ya Kusini, Unguja. Mwanangu wa darasa la sita alipewa kazi ya skuli ya kuandika historia ya kijiji chetu, akarudi na mistari minne tu, wa mwisho ukisema kwamba kwetu ni njia panda na watu hupita tu. Wenzake wamemshauri aandike kuhusu Kizimkazi, maana huko kuna msikiti wa kale. Je, ni kweli kwamba njia panda haina historia? Na jengine: bibi yake humkataza kuokota chochote pale njia panda, hata iwe shilingi. Hilo nalo lina asili gani?
Mama Mwanafunzi, Kitogani

JIBU: Wa alaykum salaam, dada yetu. Mwanao hakukosea, ila ameweka nukta mahali alipopaswa kuendelea. Watu hupita Kitogani, sawa, lakini ni watu gani, wanatoka wapi, wamebeba nini, na walianza lini kupita hapo badala ya kwengine? Akiyajibu hayo, daftari litajaa.

Kizimkazi tusiionee wivu. Msikiti wake wa kale, uliopo Dimbani, una maandishi ya Kikufi, yaani mwandiko wa kale wa Kiarabu, yenye tarehe ya mwaka 500 wa Hijra, yaani 1107 wa Miladi, na Unguja Ukuu ni mji wa kale kuliko hapo. Upande wa Jambiani, katika pango la Kuumbi, wachimbuzi wa mambo ya kale wamekuta dalili za watu waliokaa humo kiasi cha miaka 20,000 iliyopita, wakati bahari ilipokuwa imeshuka na Unguja ikiwa bado imeungana na bara. Mwambie mwanao aiweke alama kila sehemu kati ya hizo kwenye ramani. Ataona kwamba zote ziko pwani au si mbali na pwani, na Kitogani imekaa katikati yao, ndani ya nchi.

Jambo hilo ndilo ufunguo wa suala lako. Kwa karne nyingi mlango wa kijiji cha kusini ulikuwa baharini. Mwenye boriti, chokaa au kamba za usumba za kuuza mjini aliupakia mzigo wake chomboni, akangojea maji kujaa na upepo kukaa sawa, kisha akaondoka. Njia za miguu zilikuwepo, tena nyingi, zikipenya katika maweni kati ya makonde ya mtama na muhogo, lakini njia ya miguu humchukua mtu na mzigo alioujitwika kichwani tu, na mwenye punda kidogo zaidi. Kwa maoni yangu, Kitogani ilipata uzito wake pale safari ilipohama kutoka kwenye tanga kwenda kwenye magurudumu. Barabara ya gari ilipofika, vijiji viligeuka vikatazama nchi kavu, na mahali ambapo zamani palikuwa nyuma ya kila mtu pakawa mbele ya wote.

Kama mwanao anataka ushahidi, asimame asubuhi moja pale barabara inapogawika, akae na kalamu. Kwa mtu anayetoka mjini, gari ya abiria namba 309 ya Jambiani na ile ya 324 ya Bwejuu hukata kushoto kuelekea Paje. Ya 310 ya Makunduchi na ya 326 ya Kizimkazi hushika njia ya Muyuni. Gari nne zilizokuja kwa barabara moja tangu Tunguu huachana hapo, na kila jozi huachana tena mbele, moja pale Paje na nyengine pale Kufile. Atazame na juu ya paa: zinazotoka shamba hubeba magunia ya mwani mkavu, matenga ya samaki, kuni na tungule, zinazotoka mjini hubeba mchele, saruji, mabati na pengine kitanda cha bibi harusi kilichofungwa miguu juu. Mwani huo wenyewe ni ukurasa mzima. Ulianza kulimwa kibiashara katika pwani ya Paje na Jambiani mwaka 1989, wakulima wake wengi wakiwa wanawake, na unapopelekwa mjini kwa gari hupita mlangoni kwenu. Mashua za Paje hazikuwahi kuipa Kitogani harufu ile.

Asisahau msitu. Kabla ya kufika kwenu, barabara inapita Pete, kando ya Jozani, ambako kuna matuta yaliyowekwa ili madereva wapunguze mwendo wasigonge kima punju wanaovuka. Tangu 2004 msitu huo na ghuba ya Chwaka ni hifadhi ya taifa, na kwa vijiji vinavyoizunguka jambo hilo lilibadilisha mambo ya kila siku: wapi pa kukata kuni, wapi pa kuchoma makaa, na nani alipwe mnyama anapokula mazao. Mambo ya namna hiyo husahaulika upesi kuliko vita, kwa kuwa hakuna anayedhani ni historia.

Kwa wazee, namshauri asiulize kijiji kilianza lini. Atajibiwa "zamani sana" na mazungumzo yatakwisha. Aulize gari ya kwanza waliipanda wapi, nauli ilikuwa kiasi gani, walipanda na nini mkononi. Aulize kisima kipi ni cha zamani na nani alikichimba, kwani katika nchi ya mawe, isiyo na mito, watu hukaa palipo na maji, na nyumba za mwanzo mara nyingi zilikuwa karibu na kisima, si karibu na lami. Baadaye, akipata wa kumpeleka, Nyumba ya Nyaraka iliyopo Kilimani inahifadhi kumbukumbu nyingi za utawala wa zamani, ingawa sehemu kubwa imeandikwa kwa Kiingereza na Kiarabu na atahitaji msaada wa mtu mzima.

Sasa suala la bibi. Katika mila zetu, kafara na vitu vya uganga, kama yai, sarafu au kitambaa, hutupwa njia panda, na anayeokota huhofiwa kuokota na balaa lililoachwa hapo. Sheria ya dini inasema yake kuhusu mambo hayo, na hapa si mahali pake. Lakini bibi huyo ameshika kitu cha thamani bila kujua. Mwanao amuulize: alipokuwa mtoto yeye, alikatazwa kuokota vitu wapi hasa? Huenda asioneshe pale gari zinapogawika leo, bali chini ya muembe fulani nyuma ya nyumba, ambako njia za miguu zilikutana kabla ya lami. Basi mtoto aende na bibi yake hadi hapo, kisha achore ramani: njia za miguu kwa kalamu ya risasi, barabara kwa wino.