Kamera ya mwenye nyumba uani: yaliyotukuta Nkuhungu

Mkuu, umeuliza kama ni halali mwenye nyumba kufunga kamera uani na kuwafuatilia wapangaji kwa simu, au ni wasiwasi wako tu. Si wasiwasi. Nimeishi na jambo hilo mwaka mzima hapa Dodoma, Nkuhungu.

Tulikuwa vyumba sita, choo na bafu uani, mwenye nyumba anakaa Dar. Baada ya kuibiwa mitungi miwili ya gesi akafunga kamera kwenye mnara wa tangi la maji. Tulimshukuru. Wiki ya pili akanipigia: "Yule aliyetoka kwako saa nne usiku ni nani?" Alikuwa mdogo wangu wa Bahi, kaniletea unga wa uwele.

Binti wa chumba cha tatu, aliyezoea kutoka bafuni na kanga, akaanza kuvaa humohumo kwenye majimaji, anatoka pindo la gauni limelowa. Mama mmoja aliyekuwa akichambua mlenda kibarazani, nasi tukipiga soga naye, akahamishia ungo ndani. Jirani yangu ukuta kwa ukuta alilala na malaria siku mbili. Nilijua siku ya tatu.

Kijijini pia unaonekana, sikatai. Lakini anayekuona anakusalimia kwa Kigogo, "mbukwenyi", nawe unamwona, ukikosea anakuita pembeni. Huyu wa kwenye simu anakuona peke yake. Hilo ndilo lililoniuma.

Usimfuate peke yako. Sisi tulikaa wote, tukampigia kwa spika. Tukamwambia ibara ya 16 ya Katiba inalinda faragha ya mtu, na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 inamtaka anayekusanya taarifa zako akueleze kwanza anazitakia nini. Akaja juu, nyumba ni yake. Ndipo mama wa mlenda akasema, "Mwanangu, kamera yako inatazama mlango wa bafu." Kimya. Jumamosi fundi akaja kuigeuzia getini.

Siku hiyo simama na fundi, akuonyeshe kwenye simu picha inaishia wapi. Usikubali kuambiwa tu. Mwenye nyumba akigoma, anza na mwenyekiti wa mtaa, kisha malalamiko yaende Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi.

Yule mama hajarudi kibarazani. Nimemwambia mara mbili kuwa imegeuzwa. Anaitikia, halafu anafunga mlango.