Machu Picchu bila treni: Hiace, reli na miguu yako

Wiki iliyopita dada mmoja wa Dodoma aliniandikia baada ya kuona picha zangu za Peru. Anadunduliza pesa aende Machu Picchu, magofu ya mji wa kale wa Wainka, watu waliotawala milima ile kabla ya Wahispania, akaingia mtandaoni kuangalia nauli ya treni, akazima simu. "Kaka, nimeona hii safari ni ya wazungu. Wacha nitafute pa saizi yangu." Nilimjibu kwa kifupi kwa sababu nilikuwa kazini, lakini maneno yale yalinikaa kooni siku nzima. Leo namjibu kwa kirefu, yeye na wengine wote wenye swali hilohilo.

Mimi ni mtoto wa Marangu. Anayepafahamu anajua: lango la Kilimanjaro liko palepale, na sisi tumekua tukiona wageni wakipita na fimbo zao za kutembelea, nyuma yao wanaume wa kijijini kwetu wakiwa na mizigo kichwani. Baba yangu alikuwa mpagazi miaka mingi. Amelala kambi za Horombo na Kibo mara zisizo na idadi, amebeba mitungi ya gesi, masufuria na mabegi ya watu, ila kilele cha Uhuru hakukikanyaga, maana kazi ya mpagazi inaishia kambini. Kwetu utalii ulikuwa njia ya kupata ada ya shule. Hakuna aliyewahi kusema nyumbani kwamba na sisi tunaweza kufunga begi tukaenda kuona mlima wa watu wengine.

Kwa hiyo nilipokuwa Marekani kwa masomo, nikapata tiketi ya ndege ya bei nzuri kwenda Lima, mji mkuu wa Peru, nikawapigia nyumbani kwa furaha. Mjomba akachukua simu. "Unaenda kuangalia mawe? Mawe si hata Mwanza yapo? Pesa hiyo si ungeezekea nyumba bati?" Wakacheka wote. Mimi sikucheka, na mpaka leo nikikumbuka naumia, kwa sababu pesa ilikuwa ya jasho langu na bati nilishalinunua mwaka uliotangulia.

Sasa tuzungumze njia. Machu Picchu haina barabara ya gari kutoka Cusco, mji mkubwa wanakoanzia safari wageni wengi. Watalii wengi hupanda treni kutoka Ollantaytambo hadi mji mdogo ulio chini ya magofu, unaoitwa Aguas Calientes, na kwenda na kurudi huwezi kukwepa kutumia zaidi ya dola 100. Wengine hutembea ile njia ya Wainka ya siku nne, lakini hiyo lazima uende na kampuni yenye leseni, na kwa siku wanaruhusiwa watu 500 tu, wapagazi na waongozaji wakiwemo. Februari hufungwa kabisa. Njia ya tatu ndiyo yangu: gari dogo la abiria kutoka Cusco, kupitia Ollantaytambo, Santa María na Santa Teresa, hadi mahali panapoitwa Hidroeléctrica, penye kituo cha umeme wa maji. Kutoka hapo unafuata reli kwa miguu, kilomita kama 10, mpaka Aguas Calientes.

Kabla hujagusa nauli yoyote, nunua tiketi ya kuingilia. Nalirudia hili kwa kila anayeniuliza. Inauzwa na Wizara ya Utamaduni ya Peru kwenye tovuti yake, kwa saa na kwa njia utakayopita ndani. Mimi nililipa soli 152 (soli ni pesa ya Peru), kama dola 40 hivi. Kwa anayekwenda mara ya kwanza, chagua njia ya pili ya ndani ya magofu (Circuito 2), ndiyo inayokupa mandhari ya juu na pia inakushusha katikati ya majengo. Miezi ya Juni hadi Agosti tiketi huisha mapema sana. Kuna nyingine zinauzwa dirishani Aguas Calientes kwenyewe, lakini usivuke bahari kwa kutegemea foleni. Jina kwenye tiketi lifanane na la pasipoti, na pasipoti uende nayo yenyewe, si nakala.

Jambo la pili ni hewa. Cusco iko mita 3,399 juu ya usawa wa bahari. Kwa mtu wa Kilimanjaro, hapo ni karibu na Horombo, iliyo mita 3,720, ila Horombo unaifikia kwa kutembea siku mbili, na Cusco unashushwa na ndege ukiwa umetoka Lima, mji wa pwani. Niliona vijana wenye misuli wakitapika hotelini usiku wa kwanza. Mimi nilipotua nilipanda gari moja kwa moja hadi Ollantaytambo, mita 2,792, nikalala huko kwanza. Baba alinifundisha bila kujua kwamba ananifundisha: pole pole, maji mengi, usishindane na mtu. Na Ollantaytambo si pa kupoteza muda tu. Kuna magofu ya maghala ya nafaka yanaitwa Pinkuylluna, yamening'inia ubavuni mwa mlima ng'ambo ya mji, na kuyapanda ni bure kabisa. Wenye mabasi yao wanalipia magofu ya upande wa pili, wanapiga picha, wanaondoka.

Niliporudi Cusco, asubuhi ya safari ilianza vibaya kidogo. Wakala mmoja wa Cusco aliniangalia kuanzia viatu hadi kofia, akaniambia barabara ile ni ya watu wasiopenda maisha yao na kwamba kama sina pesa ya treni nibaki mjini. Nikamshukuru, nikaenda kununua kiti kwa mwingine. Nauli ilikuwa ndogo kuliko chakula cha mchana cha watalii pale uwanja mkuu wa mji.

Naomba nikae kidogo kwenye hiyo barabara, kwa sababu anayepanda treni haijui. Baada ya Ollantaytambo gari linaanza kukata kona moja baada ya nyingine hadi Abra Málaga, mita 4,316. Hapo umebakiza kidogo tu kufika usawa wa kilele cha Meru, na umekaa kwenye kiti cha Hiace. Baridi inaingia hata madirisha yakiwa yamefungwa. Dereva wetu alikuwa na mfuko wa nailoni wa kijani pajani. Anachomoa majani makavu ya koka, anayapanga taratibu ndani ya shavu, halafu anang'ata kipande cha llipta, donge jeusi la majivu, ili majani yatoe nguvu. Alinipa machache nikayatafuna nikiwa nimeshika begi kwa mkono mmoja. Pale kwao ni halali na hata hotelini wanakukaribisha kwa chai yake. Usithubutu kuyapandisha ndege kurudi nayo.

Halafu barabara inashuka, inashuka, inashuka. Ukungu unaachia, joto linaingia, na ghafla ni migomba. Migomba, parachichi, na kahawa imeanikwa kwenye maturubai mbele ya nyumba! Nilinyamaza. Harufu ile ya kahawa ikiwa inakauka naijua tangu sijaanza shule. Kutoka Santa María, nilipopita mimi, lami ilikwisha na gari linapita kwenye njia nyembamba, mto ukiwa chini kabisa upande mmoja. Hapo sitakudanganya: kama unaogopa vimo, kaa upande wa mlima. Na msimu wa mvua, Novemba hadi Machi, uliza kwanza hali ya barabara, kwa sababu milima ile huporomoka. Mwaka 1998 tope na mawe vilishuka vikaharibu kituo cha umeme, vikaufuta mji wa zamani wa Santa Teresa na kukata reli iliyokuwa inaendelea hadi Quillabamba. Ndiyo maana treni leo inaishia Hidroeléctrica.

Kutembea kwenye reli ni saa mbili na nusu hadi tatu, tambarare karibu yote, mto Urubamba ukinguruma pembeni. Ukisikia honi, toka relini mapema. Ukikaribia mji utaona mahandaki; shuka kwenye barabara ya chini, usiyaingie. Beba maji na koti la mvua.

Dada wa Dodoma aliuliza pia kuhusu magoti, maana kutoka mjini hadi lango la magofu kuna ngazi za mawe za kupanda kwa saa moja na nusu. Kwa magoti mabovu, panda kwa miguu taratibu, ushuke kwa basi, kwa sababu kushuka ndiko kunakoumiza. Basi ni dola 12 kwa upande mmoja. Mimi nilikwenda na kurudi kwa ngazi. Daraja la chini, kabla ya kuanza ngazi, hufunguliwa alfajiri, saa kumi na moja, na watu wanaanza kupanda gizani na tochi vichwani. Niliwapita wengi. Nalisema hili kwa fahari, kwa sababu miguu hii ni ya Marangu na haikununuliwa dukani.

Kisha ukungu ukafunguka, na mji ule ukawa mbele yangu. Ulijengwa katikati ya karne ya 15, wakati wa mtawala Pachacuti, na ukaachwa haujafikisha hata miaka 150. Mawe ya Hekalu la Jua yamechongwa yakakutana bila udongo wala saruji katikati, na ukuta wenyewe umepinda kama mgongo wa mtungi. Nilisogeza macho karibu kabisa nitafute nafasi ya kupenya ncha ya kalamu. Haipo.

Lakini kilichonishika zaidi ni maji. Kuna mfereji wa mawe wa mita 749 unaoleta maji kutoka chemchemi ya mlimani, upana wake ni wa kiganja tu, na unalisha visima 16 vilivyopangwa kimoja chini ya kingine. Maji yanaruka kutoka tundu la jiwe, yanaangukia beseni dogo, yanatafuta njia kwenda kisima kinachofuata. Nilimtumia baba picha. Hakuuliza habari ya mawe wala mfalme. Aliuliza: "Chanzo kiko wapi, na zamu alikuwa anapanga nani?" Ndilo swali la mtu aliyekulia kwenye mifongo, mifereji ya Wachagga inayotoa maji mlimani kuyaleta vihambani, kila kaya na siku yake, na wazee wa kuamua ugomvi. Mfongo uliokuwa unapita kwa babu sasa umejaa majani. Nilikaa pale nikawaza ni wangapi kati yetu wamewahi kuutembelea mfongo kwa heshima hii niliyoitoa kwa mfereji wa Wainka.

Na kuna hili la Hiram Bingham, Mmarekani aliyefika Julai 24, 1911 na kusifiwa kwamba amegundua mji. Aliongozwa na mkulima wa hapo, Melchor Arteaga, na juu alikuta familia zinalima kwenye matuta yaleyale. Mperu Agustín Lizárraga alishaandika jina lake ukutani mwaka 1902. Vitu vilivyochukuliwa vikaenda Chuo Kikuu cha Yale, na Peru ikadai, ikadai, mpaka vikaanza kurudi mwaka 2011. Miaka hiyohiyo, 1909 hadi 1913, mifupa ya dinosaria ilikuwa inabebwa vichwani kutoka Tendaguru, Lindi, kwenda Berlin. Bado iko Berlin. Sisi hatujadai kwa nguvu ile, na sidhani tutadai kama hatutoki kwenda kuona wenzetu walivyopigania vyao.

Ndiyo maana nawasihi vijana wenzangu, acheni kujipunja. Usisubiri kualikwa, usisubiri mume, usisubiri mkutano wa kulipiwa. Kuleni sokoni, soko la San Pedro pale Cusco utapata supu, wali na kuku kwa bei ya soda ya hotelini. Panda gari wanalopanda wenyeji. Nunua tiketi kwanza. Watakaokucheka wataomba picha baadaye. Mjomba ameiweka yangu sebuleni.

Mwisho ni saa za kurudi, maana hapa ndipo wengi huumia. Magari mengi ya kwenda Cusco huondoka Hidroeléctrica alasiri, kati ya saa nane na saa tisa. Ukichukua tiketi ya kuingia saa kumi na mbili asubuhi, unaweza kuzunguka, ukashuka ngazi, ukachukua begi na kuanza reli kabla ya saa tano. Ukiingia saa nne, panga kulala tena. Na gari likikuacha usilipe bei ya hofu: teksi za Santa Teresa ziko hapohapo, na vyumba vya huko ni rahisi kuliko vya Aguas Calientes.