Maswali Yenu: Huyu Msimulizi Mbona Ana Roho Mbaya?

Tangu niguse hii mambo ya wanawake wabaya kwenye riwaya, wale wanaosimulia wenyewe, mimi nilifanya hivi mimi nikafanya vile, simu yangu haijapumzika. Nusu ya hayo maswali ni swali moja tu limebadilisha nguo. Nimeokota machache.

Mwalimu, niliacha kitabu katikati juu yule dada anayesimulia ananiudhi. Ana wivu, anadanganya, hajali mtu. Nimekosea? (Msomaji, Umoja)

Kuacha hujakosea, kitabu si ndoa. Ni hiyo sababu yako ndio siipendi. Jambazi wa kiume akisimulia vile alivunja benki na watu wakabaki chini wamekufa, unamwita mjanja na unauliza filamu inatoka lini, lakini mwanamke akisema hakulia matangani unafunga kitabu. Chukua Tambu wa Tsitsi Dangarembga kwenye Nervous Conditions, 1988. Anafungua stori kwa kutuambia hakusikitika kaka yake alipokufa. Wengi wanakwama hapo hapo wanasema huyu ni shetani. Haya, soma mbele kidogo. Ni Rhodesia, yaani Zimbabwe kabla ya uhuru, pesa ya karo ni ya kijana, msichana anaambiwa akae nyumbani ajifunze kupika, akaamua kulima mahindi yake auze ajilipie, na huyo huyo kaka akawa anayaiba anagawia wenzake. Halafu kaka akafa na nafasi ya shule ikawa yake. Sasa niambie, angeanza kwa machozi ungemwamini? Mimi singemwamini hata dakika moja. Ubaya wake ni kwamba alisema kitu ambacho watu wa kwao wangemeza wakanyamaza.

Mwandishi alitaka tujifunze nini? (wengi sana, kila wiki)

Hii sijibu tena.

Ama wacha nijibu mara ya mwisho. Hili swali ni sisi walimu tuliwapandia, nakiri, nimefundisha setbuku miaka mingi na nimeandika ubaoni "eleza sifa na umuhimu wa mhusika" mpaka chaki ikaisha. Mtoto anatoka shule akijua kila mwanamke kwenye kitabu ni mfano mwema au ni onyo. Mtihani uliisha jameni, hakuna mtu anawasahihisha.

Hawa wanawake mimi siwaelewi. Hakuna mtu wa kawaida anaweza kufanya hayo mambo. (Baba wa Wawili, Kasarani)

Baba wa Wawili, wewe ndio nilikuwa nakungoja. Huyo Tambu alirudi mwaka wa 2018 kwenye This Mournable Body, riwaya iliyofika orodha fupi ya tuzo ya Booker 2020, sasa ni mtu mzima, hana kazi, anaishi hosteli Harare na heshima yake imebaki nguo na viatu tu. Mapema kwenye kitabu kuna dada wa hosteli hiyo hiyo anapanda matatu amevaa sketi fupi na umati unamrukia. Wanamcheka, wanamvuta, nguo inararuka. Tambu anamjua. Na anajipata ameshika jiwe.

Sitakuambia jiwe liliishia wapi. Lakini ona mwandishi alifanya nini: kitabu chote hakuna "mimi", Tambu anajiita "wewe". Kwa hivyo isome kwa Kiswahili kichwani, wewe unaenda steji, wewe unaona watu wamekusanyika, wewe unainama, wewe unaokota. Sasa kumbuka Novemba 2014 hapa tauni Nairobi, mwanamke akavuliwa nguo steji mchana kweupe, wanawake wakaandamana wakisema nguo yangu ni uamuzi wangu. Ule umati haukuletwa na lori kutoka sayari nyingine. Walikuwa watu wa kazi, wa kuuza njugu, wa kungoja gari waende nyumbani, na kuna mtu alikuwa ameshika simu anarekodi. Hao wote jioni walikula ugali na watoto wao. Usiniambie hakuna mtu wa kawaida.

Hizi vitabu si zinachukia wanaume tu? (Mkweli, Ngara)

Soma kwanza.

Binti yangu wa Fom Tatu anasoma riwaya ya dada anayeua maboifrendi. Nimnyang'anye? (Mama wa Donholm)

Nafikiri najua ni gani, ya Oyinkan Braithwaite, My Sister, the Serial Killer, ya 2018, ya Lagos. Mama, usimnyang'anye, mwombe zamu yako ukimaliza kuosha vyombo. Na ukisoma angalia kitu kimoja: anayesimulia hajaua mtu. Korede ni nesi, msafi kupita kiasi, mtu wa mpangilio, dada mkubwa yule wa kutumwa na kila mtu. Mdogo wake mrembo anaua, halafu anapiga simu, na Korede anakuja na dawa ya kusafisha. Ndio utamu uko hapo. Wote tunamtazama mrembo na kisu chake na huku huyu wa kitambaa na ndoo anatuambia kwa upole vile damu hutolewa. Muulize binti yako nani ana makosa zaidi. Usimpe jibu lako, na akisema ni baba yao usishangae, ana hoja.

Kitu kingine hukuniuliza: kama kuna mtoto mkubwa kwenu ambaye kazi yake ni kufunika makosa ya mdogo wake, acheni hiyo tabia.

Kwa Kiswahili hatuna wanawake wa hivi. Si hii ni mambo ya nje? (Mzalendo)

Ulishawahi kuenda harusi Mombasa? Mipasho ni nini kama si mwanamke ameshika maiki anasema mimi ni mbaya na utanikoma, na ukumbi mzima unamtuza noti? Tunaipenda hiyo sauti vibaya sana, lakini ikifika kwa riwaya tunaogopa. Rosa Mistika, riwaya ya Kezilahabi wa Tanzania, 1971, ilipigwa marufuku kwa muda kabla ya kugeuka kitabu cha shule, na hata hapo Rosa hasimulii mwenyewe, anasimuliwa na mtu mwingine. Sauti ya mwanamke tunayokariri ni mshairi Mwana Kupona akimuusia bintiye, 1858, jinsi ya kumtunza mume. Utenzi mtamu, siupingi. Mimi nauliza tu yule binti alifikiria nini akisikiliza.

Naandika thrila, mhusika ni mweka hazina wa chama aliyekula pesa. Nimpe utoto mgumu ili wasomaji wamhurumie? (Mwandishi Chipukizi, Rongai)

Hapana! Wacha huruma ijitafutie. Kila mtu sasa anaweka baba mlevi sura ya tatu kama chumvi. Mpe sababu ndogo ya aibu, labda alitaka sofa kama ya mwenyekiti. Mwache atuonyeshe meseji za M-Pesa na aruke moja, na tuone ameruka. Awe mcheshi, tucheke naye halafu tukumbuke kuna mama mgonjwa anangoja zamu yake ya hiyo pesa. Na usimkamate ukurasa wa mwisho eti ndio haki itendeke.

Unaweza nitumia PDF? (kumi na saba wenu)

La. Mwandishi pia hulipa nyumba.

Nianzie wapi na sina pesa nyingi? (Mwanafunzi)

Ya Korede, ni nyembamba na sura ni fupi fupi. Pitia inama za tauni, pale vitabu vya mitumba vinatandikwa chini, uulize bei mara mbili, na kabla utoe pesa fungua nyuma uhakikishe kurasa za mwisho ziko. Mimi nilishauziwa thrila ikiwa imekatwa kumi za mwisho, na mpaka leo sijui kama ni mke aliua ama ni shemeji.