Kwa nini kichwa cha dizeli kina fimbo magurudumuni?

SWALI: Mimi ni fundi wa injini za dizeli. Katika picha za stesheni za Uingereza nimekuwa nikiona kichwa kifupi cha treni chenye magurudumu sita yaliyofungwa kwa fimbo, mithili ya garimoshi la mvuke, ilhali ni cha dizeli. Kilitoka wapi, fimbo hizo ni za nini, na imekuwaje vingine bado viko kazini?
Msomaji, Morogoro

JIBU: Ndugu msomaji, bila shaka ulichokiona ni kichwa cha kushanti (yaani cha kusogeza na kupanga mabehewa) cha aina ya 08, ambacho Shirika la Reli la Uingereza lilianza kukiunda mwaka 1952. Hadi kufikia 1962, karakana za Derby, Crewe, Darlington, Doncaster na Horwich zilikuwa zimetoa vichwa 996 vya aina hiyo.

Asili yake ni ya zamani zaidi. Katika miaka ya 1930 kampuni ya reli ya London, Midland and Scottish ilijaribu vichwa vya dizeli vyenye injini za English Electric, kwa sababu garimoshi la mvuke lililopangiwa kushanti lilichoma makaa hata liliposimama likisubiri mabehewa, tena lilihitaji dereva na mchochea moto. Cha dizeli kilizimwa kazi ilipokosekana na kuwashwa ilipopatikana. Muundo uliotokana na majaribio hayo ulianza kutengenezwa mwaka 1945, na aina ya 08 ni mtoto wake wa moja kwa moja.

Sasa tuje kwenye fimbo. Injini yake, yenye silinda 6 na nguvu farasi 350, haizungushi magurudumu yenyewe, bali huzungusha jenereta inayopeleka umeme kwenye mota mbili. Mota hizo huendesha ekseli ya mbele na ya nyuma kupitia giya zinazopunguza mwendo kwa hatua mbili, na ekseli ya katikati haina mota. Fimbo ndizo zinazoifikishia nguvu. Zaidi ya hapo, ekseli moja ikitaka kuteleza juu ya reli yenye unyevu, fimbo huilazimisha iende sambamba na wenzake. Ndiyo maana mashine hii ya tani zipatazo 49 huweza kung'oa msafara mzito kwa nguvu ya kuvuta inayokaribia tani 16, ingawa mwendo wake hauzidi kilomita 24 hadi 32 kwa saa. Wewe fundi utavutiwa zaidi na jambo hili: injini hiyo hufikia mizunguko 680 tu kwa dakika, mwendo ambao kwa injini ya lori ni karibu na sailensa, yaani ikiwa inanguruma tu bila kukanyagiwa mafuta. Kwa maoni yangu, siri kubwa ya umri wake iko hapo, kwa kuwa haijisumbui.

Wakati vikiundwa, wakuu wa reli waliamini kwamba biashara ya mabehewa moja moja, yanayokusanywa na kupangwa upya katika kila yadi, ingeendelea. Katika yadi ya Tinsley, karibu na Sheffield, mabehewa yalisukumwa polepole hadi juu ya kilima kilichojengwa makusudi, kisha yakaachiwa yateremke yenyewe, kila moja likielekezwa kwenye njia yake. Kwa kazi hiyo, mwaka 1965 vichwa sita viliunganishwa viwiliviwili, na katika kila jozi kimoja kikaondolewa chumba cha dereva. Lakini mizigo ilikuwa imekwisha kuanza kuhamia malori, yadi zikafungwa moja baada ya nyingine, na vichwa vingi vikauzwa chuma chakavu vikiwa bado na uhai mrefu mbele yao. Mimi nasema vilikuwa vingi kupita kiasi tangu mwanzo.

Vilivyosalia vilipata kazi nyingine. Kusini mwa Wales, vichache vilikatwa vyumba vya dereva kwa juu ili vipite chini ya madaraja yenye kimo kidogo ya njia ya makaa iliyojengwa juu ya mfereji wa zamani. Vingine vimo karakanani hadi leo, vikisukuma treni za umeme ambazo haziwezi kujiendesha zinapoingizwa kwenye banda lisilo na waya.